Kiwanuka: jina la Jaji Mkuu wa Uganda katika fainali ya Super Bowl

Usiku wa kuamkia Jumatatu, saa nane na nusu kwa saa za Afrika Mashariki, timu mbili za futiboli ya Kimarekani ziliingia uwanjani katika mji wa Indianapolis kuwania ubingwa wa msimu. Kwa saa za huko ilikuwa bado ni jioni ya Jumapili, Februari 5, 2012. New York Giants walipambana na New England Patriots katika fainali inayojulikana kama Super Bowl, mchezo unaotazamwa kuliko mwingine wowote nchini Marekani.

Wakati huo, katika kituo cha biashara cha Busiu, kando ya barabara itokayo Mbale kwenda Tororo, wengi walikuwa wamelala. Ni wachache mashariki mwa Uganda wanaoufuatilia mchezo huu wa mpira wenye umbo la yai. Hata hivyo, mmoja wa walinzi wa Giants alivaa mgongoni jina ambalo wazee wa Busiu, Mbale na Jinja hawahitaji kufafanuliwa. Jina hilo ni Kiwanuka.

Mchezaji huyo ni Mathias Kiwanuka, mjukuu wa Benedicto Kiwanuka, Waziri Mkuu wa kwanza wa Uganda na Mganda wa kwanza kuwa Jaji Mkuu wa nchi hiyo. Mjukuu alizaliwa mwaka 1983, miaka 11 baada ya babu yake kuchukuliwa na watu wenye silaha ofisini mwake na kutorudi tena. Septemba 2012 ilitimia miaka 40 tangu siku hiyo. Inafaa kusimulia habari za mzee ambaye jina lake lilisomwa usiku huo na mamilioni ya watu wasiomjua.

Kijana wa Masaka aliyevaa sare

Benedicto Kiwanuka alizaliwa tarehe 8 Mei 1922 katika eneo la Masaka, kusini mwa Buganda, katika familia ya Kikatoliki. Alisoma katika shule za wamisionari, lakini masomo yake yalikatizwa na Vita Kuu ya Pili ya Dunia. Kama vijana wengi wa Uganda wa wakati ule, alijiunga na jeshi la kikoloni la Afrika Mashariki, akapelekwa hadi Misri na Palestina, na akapanda cheo kutoka askari wa kawaida hadi kuwa sajini meja.

Katika jeshi lile lugha ya kuwaunganisha askari wa makabila mengi ilikuwa Kiswahili. Mganda, Mgisu, Msoga, Mwacholi na Mkamba walipokea amri kwa lugha hiyo, na wengi waliporudi makwao walirudi nayo. Sehemu ya Kiswahili kinachosikika hadi leo katika mitaa ya Jinja na Mbale ilipita kambini kabla ya kufika sokoni.

Vita vilipokwisha, Kiwanuka aliondoka jeshini. Katika kipindi hichohicho, mwaka 1946, kijana mwingine wa Uganda aliingia katika kikosi cha King's African Rifles, maarufu kama KAR. Jina lake lilikuwa Idi Amin. Miaka mingi baadaye sehemu kubwa ya maisha yake ya uaskari ingepita katika kambi ya Jinja, karibu na pale Mto Nile unapotoka katika Ziwa Viktoria. Askari hao wawili, mmoja akivua sare na mwingine akiivaa, wangekuja kukutana katika nafasi za juu kabisa za taifa.

Kiwanuka alifanya kazi ya ukalimani katika Mahakama Kuu mjini Kampala. Kazi hiyo ilimfungua macho. Kila siku alisimama kati ya hakimu na mshitakiwa, akiyapeleka maneno ya mmoja kwa mwingine, na aliona jinsi hatima ya mtu ilivyoweza kutegemea sheria ambayo hakuielewa. Aliamua kuisomea sheria yenyewe. Mwaka 1950 alikwenda Basutoland, nchi ambayo leo inaitwa Lesotho, kusoma katika chuo cha Wakatoliki cha Roma. Kutoka huko alivuka bahari hadi London, akasoma sheria, na mwaka 1956 akakubaliwa kuwa wakili. Alirudi Kampala akiwa mtu wa miaka 34, mwenye mke na watoto, na mwenye taaluma ambayo Waafrika wachache sana wa Uganda walikuwa nayo.

Chama na msukosuko wa Buganda

Alikuta siasa zinachemka. Chama cha Democratic Party, DP, kilikuwa kimeanzishwa na Wakatoliki waliochoshwa na mpango ambao vyeo vikubwa vya Buganda vilikuwa vya Waprotestanti. Mwaka 1958 Kiwanuka alichaguliwa kuwa rais wa chama hicho. Kaulimbiu yake ilikuwa ukweli na haki. Wapinzani walikidhihaki kuwa ni chama cha dini ya Papa, na mgawanyiko huo wa kidini ukaenea vijijini kote nchini. Kiwanuka alijitahidi kukitoa chama chake nje ya uzio wa kanisa, akasafiri sehemu mbalimbali za nchi kutafuta wafuasi nje ya Buganda.

Hakuwa mwanasiasa mwenye ulimi wa asali. Alisema alichokiamini hata pale ambapo kunyamaza kungemfaa zaidi. Aliamini kwamba Uganda iwe nchi moja chini ya serikali iliyochaguliwa na wananchi, na kwamba falme zibaki na heshima zake bila kuwa juu ya serikali hiyo. Kauli kama hiyo, ikitoka kwa Mganda wa kawaida asiye wa ukoo wa kifalme, iliwachukiza sana wakuu wa Mengo waliomzunguka Kabaka.

Uchaguzi wa Machi 1961 ulimpa ushindi, lakini ushindi wenye kasoro. Lukiiko, yaani baraza la Buganda, lilitangaza mgomo, na Waganda walio wengi hawakujiandikisha. Wafuasi wachache wa DP waliothubutu kupiga kura walitosha kukipa chama chao karibu viti vyote vya Buganda. DP ilipata viti 43 kati ya 82, na Uganda People's Congress, UPC, chini ya Milton Obote ikapata 35, ingawa kwa jumla ya kura za nchi nzima UPC ndiyo iliyotangulia. Kiwanuka akawa Waziri Kiongozi. Aliongoza ujumbe wa serikali katika mkutano wa katiba mjini London, ambako tarehe ya uhuru ilipangwa kuwa 9 Oktoba 1962. Tarehe 1 Machi 1962, Uganda ilipopata serikali ya ndani, alikuwa Waziri Mkuu wake wa kwanza.

Aliishikilia nafasi hiyo kwa wiki chache tu. Mkutano wa London ulikuwa umeiruhusu Buganda kuwateua wabunge wake kupitia Lukiiko badala ya kura ya moja kwa moja ya wananchi. Wafuasi wa Kabaka waliunda chama cha Kabaka Yekka, wakaingia katika ushirika na UPC, na katika uchaguzi wa Aprili 1962 ushirika huo ukaishinda DP. Kiwanuka mwenyewe hakupata hata kiti cha ubunge. Bendera ya uhuru ilipopandishwa, aliyesimama mbele kama Waziri Mkuu alikuwa Obote.

Hapa ndipo penye jambo la kukumbukwa. Kiwanuka alikuwa na malalamiko ya haki kuhusu mpango uliomtoa madarakani, na aliyasema hadharani. Lakini alikabidhi ofisi. Alirudi katika uwakili wake na katika uongozi wa chama cha upinzani. Tangu siku ile hadi leo, Uganda haijashuhudia tena kiongozi wa serikali akishindwa katika uchaguzi na kumwachia mshindi kiti kwa amani.

Kambi ya Jinja yabadilisha mambo

Kilichofuata hakiwezi kueleweka bila kuitazama Jinja. Mnamo Januari 1964, siku chache baada ya askari wa Tanganyika kuasi, askari wa kambi ya Jinja nao waligoma wakidai nyongeza ya mishahara na kuondolewa kwa maofisa wa Kiingereza. Waziri Felix Onama alipokwenda kuzungumza nao walimzuia. Serikali iliwaita wanajeshi wa Uingereza kutuliza hali, lakini madai ya mishahara yalikubaliwa. Idi Amin alitoka katika tukio hilo akiwa amepanda hadhi, na mwaka huohuo akakabidhiwa uongozi wa kikosi.

Funzo walilolipata askari lilikuwa la hatari: kwamba bunduki inaweza kupata kile ambacho ombi haliwezi. Mwaka 1966 Obote aliwakamata mawaziri wake mwenyewe, akaiondoa katiba na kuwatuma wanajeshi, wakiongozwa na Amin, kulivamia kasri la Kabaka. Kabaka alikimbilia Uingereza. Waliomwangusha Kiwanuka kwa ushirika wao sasa waliangushana wenyewe.

Kiwanuka aliendelea kuikosoa serikali, na mwaka 1969 alitiwa kizuizini. Desemba mwaka huo, baada ya jaribio la kumuua Obote, vyama vyote vya upinzani vilipigwa marufuku. Aliyekuwa Waziri Mkuu alikaa gerezani katika nchi ambayo aliisaidia kupata uhuru.

Jaji Mkuu

Tarehe 25 Januari 1971 Amin aliipindua serikali ya Obote. Siku chache baadaye aliwaachia huru wafungwa wa kisiasa, na Kiwanuka alikuwa miongoni mwao. Watu walishangilia mitaani. Miezi michache baadaye, Amin alimteua kuwa Jaji Mkuu, Mganda wa kwanza kuishika nafasi hiyo.

Baadhi ya marafiki zake waliona kuwa ni kosa kukubali. Inawezekana walikuwa sahihi. Lakini kwa mtu aliyeanza kama mkalimani wa mahakama, kuipata fursa ya kuijenga mahakama ya taifa huru halikuwa jambo la kulikataa kwa urahisi. Alichukua kazi hiyo kwa dhati. Wakati huohuo watu walianza kupotea. Askari waliwakamata raia bila hati, na familia zilizokwenda kuuliza kambini zilirudi bila jibu.

Agosti 1972 Amin alitangaza kuwafukuza Waasia na kuwapa siku 90 kuondoka. Katika mitaa ya maduka ya Jinja na Mbale, familia zilizoishi huko kwa vizazi zilianza kufunga mizigo. Tarehe 17 Septemba wapiganaji waliomuunga mkono Obote waliingia nchini kutoka Tanzania, wakashindwa. Hofu ilitanda, na askari wakapata kisingizio cha kumkamata yeyote waliyemtaka.

Katika siku hizohizo, kesi ya mfanyabiashara mmoja Mwingereza aliyezuiliwa na askari ilifika mbele ya Jaji Mkuu. Mawakili wake waliomba mahakama iamuru aletwe na serikali ieleze kwa sheria ipi anashikiliwa. Kiwanuka aliamuru aachiliwe, akaeleza kwamba jeshi halikuwa na mamlaka ya kumkamata mtu namna ile. Kisheria, uamuzi huo haukuwa na jambo jipya. Mwanafunzi wa mwaka wa kwanza angeweza kuufikia. Uzito wake ulitokana na mahali ulipotolewa na wakati wenyewe. Jaji alimwambia Amin kwamba sare haiko juu ya sheria.

Asubuhi ya tarehe 21 Septemba 1972, watu wenye silaha waliingia katika jengo la Mahakama Kuu mjini Kampala, wakamtoa Jaji Mkuu ofisini mwake na kumwingiza katika gari mbele ya watumishi wa mahakama. Hakuonekana tena hadharani. Serikali ilikana kuhusika. Alikuwa na umri wa miaka 50. Mwili wake haukupatikana, na familia yake haina kaburi la kulipalilia.

Tume iliyoundwa mwaka 1974 kuchunguza watu waliopotea, na nyingine iliyoundwa mwaka 1986 baada ya serikali kubadilika, zilisikiliza ushahidi wa mamia ya familia za Uganda. Familia ya Kiwanuka ilikuwa moja kati ya nyingi. Mashariki mwa nchi pia zimo nyumba ambazo baba au kaka alitoka asubuhi akiaga na hadi leo haijulikani alikolala.

Mjukuu uwanjani

Wazazi wa Mathias waliihama Uganda na kwenda kuishi Indianapolis. Huko ndiko alikozaliwa, akasoma na kujifunza futiboli. Alikwenda Chuo cha Boston, akawa mmoja wa walinzi hodari katika historia ya timu ya chuo hicho, na mwaka 2006 Giants wakamchagua katika raundi ya kwanza ya mchujo wa wachezaji wapya.

Kwa wasiouzoea mchezo huu, kila upande huwa na wachezaji 11 uwanjani. Timu yenye mpira hupewa nafasi nne za kusonga mbele yadi 10. Ikishindwa, mpira huenda kwa wapinzani. Katikati ya mashambulizi husimama mrushaji, ambaye hupanga mchezo na kurusha mpira kwa wenzake. Kazi ya Kiwanuka ilikuwa upande wa ulinzi: kuwazuia wakimbiaji, na inapowezekana kumfikia mrushaji kabla mpira haujatoka mkononi.

Safari hiyo mrushaji wa kufikiwa alikuwa Tom Brady wa Patriots, timu iliyoshinda michezo 13 na kupoteza 3 katika msimu wa kawaida. Giants walishinda 9 na kupoteza 7, na nusura wasifike katika michuano ya mtoano. Walipofika wakabadilika. Waliwafunga Atlanta Falcons 24 kwa 2, wakaenda Green Bay na kuwatoa mabingwa watetezi kwa 37 kwa 20, kisha wakawashinda San Francisco 49ers 20 kwa 17 katika muda wa nyongeza. Patriots nao waliponea chupuchupu dhidi ya Baltimore Ravens, 23 kwa 20, baada ya mpigaji wa Ravens kukosa teke ambalo lingesawazisha matokeo katika sekunde za mwisho.

Giants walitegemea mwendo wa Eli Manning, mrushaji wao, na presha ya safu ya ulinzi iliyokuwa na Jason Pierre-Paul, Justin Tuck na Osi Umenyiora, ambaye wazazi wake wanatoka Nigeria. Patriots walikuwa na wasiwasi kuhusu kifundo cha mguu cha Rob Gronkowski, mmoja wa wadakaji wao wakuu, aliyeumia katika mchezo uliotangulia. Timu hizi zilikuwa zimekutana Novemba 2011 na Giants wakashinda 24 kwa 20.

Kwa Kiwanuka kulikuwa na deni la zamani. Timu hizihizi zilipokutana katika Super Bowl ya mwaka 2008 na Giants wakashinda 17 kwa 14, yeye alikuwa nje kwa sababu ya kuvunjika mguu. Mwaka 2010 maumivu ya shingo yalimtoa mapema msimuni, na haikuwa wazi kama angecheza tena. Safari hiyo alikuwa mzima, na fainali ilikuja mpaka katika mji aliozaliwa.

Kushinda au kushindwa kwake hakukuongeza wala kupunguza chochote katika habari za babu yake. Lakini usiku huo, watoto wa Kimarekani walilitamka jina ambalo kuna wakati watu wa Uganda walilitaja kwa kunong'ona. Kwa wazazi wa Busiu waliosikia matokeo redioni Jumatatu asubuhi, ilikuwa nafasi ya kuwaambia watoto wao jina hilo lilitoka wapi, na kwamba mwenye nalo wa kwanza aliposhindwa katika uchaguzi aliondoka, na alipokuwa jaji hakuondoka mpaka alipoondolewa kwa mtutu.